Mtoto Akikamatwa: Umri, Saa na Dhamana

Nchini Kenya, yeyote ambaye hajatimiza miaka 18 ni mtoto, na mtoto anayeshukiwa kwa kosa hafungiwi korokoroni ila pale ambapo njia nyingine zote zimeshindikana. Ndivyo kinavyosema kifungu cha 53 cha Katiba ya mwaka 2010: kumzuilia mtoto ni hatua ya mwisho, muda uwe mfupi kadiri inavyofaa, atengwe na watu wazima, na mahali anapowekwa pazingatie jinsia na umri wake. Sheria ya Watoto iliyoanza kutumika tarehe 26 Julai 2022, ikachukua nafasi ya ile ya mwaka 2001, imesimama juu ya kifungu hicho. Kwa mtoto, basi, dhamana si hisani ya polisi wala ya hakimu. Kuachiliwa ndiyo kawaida. Kuzuiliwa ndiko kunakodai sababu.

Hata hivyo watoto wanalala seli, na wengine wanakaa rumande pamoja na watu wazima. Mara nyingi chanzo si upungufu wa sheria. Chanzo ni mambo mawili ambayo hayakuandikwa katika saa ya kwanza: umri wa mtoto, na saa aliyokamatwa. Umri ukikosewa, kinga zote humponyoka, kwa kuwa zote hupitia mlango huo mmoja. Saa isipoandikwa, zile saa 24 zinazotajwa na Katiba hukosa pa kuanzia. Mzazi anayekimbilia kituoni huwa na hamu ya kueleza kwamba mwanawe hana hatia. Maelezo hayo yatapata siku yake. Siku ya kwanza ni ya umri na saa.

Umri huanza kupotea kwenye macho ya afisa. Mvulana mrefu, sauti imeshaanza kuwa nzito, ndevu zinachipuka, huandikwa mtu mzima bila kuulizwa swali la pili. Wapo pia wanaojitia miaka 18 wenyewe, kwa kuwa wamesikia mtaani kwamba mtu mzima hulipa faini akaenda zake ilhali mtoto hupelekwa shule ya kurekebisha tabia. Uongo huo humgharimu mtoto sana. Akishaandikwa mtu mzima, hupelekwa katika mahakama ya watu wazima, na akikosa dhamana hupandishwa gari la magereza pamoja na wanaume wa umri wa baba yake.

Dawa yake ni karatasi. Cheti cha kuzaliwa kina nguvu kuliko vyote, lakini si nyumba zote zilizo nacho. Kadi ya kliniki, kile kijitabu alichopewa mama kwa ajili ya chanjo na uzani, kina tarehe ya kuzaliwa iliyoandikwa na muuguzi miaka mingi kabla ya mtu yeyote kuwa na sababu ya kudanganya, na hilo ndilo linalokipa uzito. Kadi ya ubatizo, rekodi ya madrasa au barua ya mwalimu mkuu yenye muhuri pia husaidia. Mama anayefika kituoni na kijitabu hicho ndani ya mfuko wa plastiki, nakala mbili zimeshatolewa kwenye duka la jirani, amemfanyia mwanawe jambo ambalo hata wakili angeanza nalo. Nakala ndiyo inayoachwa kituoni. Asili hurudi nyumbani.

Pasipo karatasi yoyote, hakimu anaweza kuagiza mtoto apelekwe hospitali ya serikali akapimwe umri. Daktari hutazama meno na mifupa kisha hutoa makadirio, mara nyingi yakiwa kati ya mwaka fulani na fulani. Makadirio yanapovuka mpaka, tuseme kati ya miaka 16 na 18, upande wa mtoto uombe waziwazi kwamba shaka hiyo imwangukie mtoto. Akitendewa kama mtoto na baadaye ikabainika ni mtu mzima, kosa hilo hurekebishika. Miezi ambayo mtoto amelala gerezani na watu wazima hairudishwi.

Umri una kazi nyingine pia. Sheria ya mwaka 2022 ilipandisha umri wa kuwajibika kwa kosa la jinai kutoka miaka 8 hadi 12. Aliye chini ya miaka 12 hashtakiwi kabisa, na aliye kati ya 12 na 14 huchukuliwa kuwa hawezi kutofautisha jema na baya mpaka mahakama iridhishwe kwa ushahidi kwamba anaweza. Mtoto wa miaka 11 aliyezuiliwa kwa wizi wa simu hahitaji dhamana. Anahitaji kurudishwa kwa wazazi wake, au kukabidhiwa afisa wa watoto ikiwa hana wa kumrudia.

Saa huandikwa katika kitabu cha matukio, ambacho kila mtu kituoni hukiita OB. Kila tukio hupewa namba ya mfuatano wa siku hiyo, ikifuatiwa na tarehe. Kukamatwa kwa mtoto kuna namba yake, na kufika kwa mzazi kunaweza kupewa namba yake pia. Maneno ya kusema kaunta ni machache: “Afande, huyu ni mtoto, ana miaka 15, karatasi zake ni hizi. Naomba umri wake na saa aliyokamatwa viandikwe kwenye OB, nami nipewe namba.” Yasemwe kwa upole, yarudiwe kwa upole. Zamu ikibadilika asubuhi, afisa mpya hamjui mama aliyekesha kwenye benchi, lakini namba ya OB ataikuta kitabuni. Aliyeshuhudia mtoto akichukuliwa, iwe ni mwenye kibanda, bodaboda au jirani, aombwe kukumbuka saa. Pengo kati ya saa ya kukamatwa na saa ya kuandikwa kituoni ndimo haki nyingi hupotelea.

Katiba, kifungu cha 49, inataka aliyekamatwa afikishwe kortini haraka iwezekanavyo, na kabla saa 24 hazijapita tangu akamatwe. Zikiisha nje ya saa za kazi za mahakama au katika siku isiyo ya mahakama, mwisho wake unasogea hadi mwisho wa siku ya mahakama inayofuata. Hapo ndipo ukamataji wa Ijumaa unapouma. Mvulana akichukuliwa Ijumaa saa kumi na moja jioni, saa zake 24 zinaishia Jumamosi saa kumi na moja jioni, na kwa kuwa korti imefungwa, polisi wana hadi Jumatatu. Kufikia hapo atakuwa amelala seli siku tatu kwa jambo ambalo pengine ni ugomvi wa mpira, na kwa hesabu hiyo kifungu cha 49 hakijavunjwa.

Ila hesabu hiyo ni ya kumfikisha kortini. Haimlazimishi polisi kumlaza mtoto ndani. Mkuu wa kituo, OCS, ana uwezo wa kumwachilia mtoto kwa bondi ya polisi, Jumamosi au Jumapili, akikabidhiwa kwa mzazi, mlezi au jamaa anayetia saini kwamba atamleta siku iliyotajwa. Sababu za kukataa zinazokubalika ni chache: kosa zito kama kuua, haja ya kumwepusha mtoto na watu wanaomharibu, au sababu ya kweli ya kuamini kwamba akitoka haki itavurugika, kwa mfano atatoroka au atatisha mashahidi. “Mpelelezi hayuko” haimo miongoni mwao, wala “ngoja Jumatatu.” Anayekataliwa aombe kuambiwa sababu, na sababu hiyo iandikwe.

Bondi ya polisi hailipiwi. Ni ahadi iliyoandikwa. Kituo kikitaka dhamana ya pesa taslimu, pesa hizo huandikwa na hutolewa risiti yenye jina la aliyelipa, kiasi na namba ya kesi au ya OB. Pesa iliyopokelewa bila risiti, au iliyotumwa kwenye simu ya mtu binafsi, si dhamana hata kama mtoto ametoka: kesi hubaki pale pale, mzazi hana cha kuonyesha, na mtoto anaweza kukamatwa tena kesho yake kwa jambo lile lile. Ni vigumu kumlaumu mama anayetoa pesa hizo usiku wa manane ili mwanawe alale nyumbani. Lakini ajue alichonunua: usiku mmoja.

Kabla ya kutoka kuna hatari nyingine, nayo ni saini. Mtoto aliyechoka, mwenye njaa, anayeambiwa kwamba akikubali ataenda nyumbani, hutia saini chochote. Sheria ya Ushahidi haikubali maungamo yaliyotolewa kwa afisa yeyote tu. Yanayotolewa kwa polisi lazima yapokewe na afisa asiyekuwa mpelelezi wa kesi hiyo, akiwepo mtu wa tatu aliyechaguliwa na mshukiwa. Mtoto afundishwe sentensi moja: “Naomba kumngoja mzazi wangu.” Mzazi naye anapofika aulize kwanza kama kuna karatasi iliyotiwa saini, na kama ipo, ni ya nini.

Kuzuiliwa kinyume cha sheria huwa na sura kadhaa, na nyingine hazionekani kwa haraka. Iliyo wazi ni kupitisha saa 24 bila kufikishwa kortini. Kumweka mtoto seli moja na watu wazima ni uvunjaji mwingine hata kama amekaa saa mbili tu. Msichana huwekwa chini ya uangalizi wa afisa wa kike. Vituo vyenye kitengo cha kulinda watoto, chenye chumba chao, ni vichache. Kwingineko mtoto huwekwa nyuma ya kaunta au ofisini, na mpango huo usio rasmi, pamoja na kasoro zake zote, ni bora kuliko seli.

Sura nyingine ni mtoto kushikwa kwa niaba ya mtu. Polisi wanamtafuta kaka, hawampati, wanamchukua mdogo wake wa miaka 14 “mpaka yule ajisalimishe.” Hakuna sheria inayoruhusu hivyo. Jinai haihami kutoka ndugu hadi ndugu, na mtoto huyo yuko kizuizini bila kosa tangu dakika ya kwanza. Jambo hilo lipelekwe kwa OCS mara moja, kisha juu zaidi, bila kungoja saa 24.

Kuna pia watoto wa mitaani, waliotoroka nyumbani au walioachwa, ambao hukusanywa katika msako na kujazwa seli kama wahalifu. Mtoto asiye na makao ni mtoto anayehitaji ulinzi na matunzo, na njia yake inapitia kwa afisa wa watoto, si kwenye hati ya mashtaka. Umaskini wake haukuwahi kuwa kosa la jinai.

Mtoto akifikishwa kortini, mahali pake ni Mahakama ya Watoto. Ile ya Mombasa inajulikana kwa jina la mtaa, Tononoka. Kwingi ni mahakama ya kawaida ambamo hakimu aliyeteuliwa kwa kazi hiyo huketi faraghani. Shtaka la mauaji huenda Mahakama Kuu, na mtoto aliyeshtakiwa pamoja na mtu mzima anaweza kujikuta katika mahakama ya wote. Hata huko kinga zake za umri humfuata, na wakili au mzazi azitaje ikiwa hakuna mwingine aliyezitaja. Familia isiyo na uwezo wa kuajiri wakili imwombe hakimu siku hiyo ya kwanza aagize mtoto apewe wakili kwa gharama ya serikali. Ombi hilo halihitaji Kiingereza wala maneno ya kisheria.

Siku ya kwanza mtoto asomewe mashtaka, au aelezwe kwa nini anaendelea kuzuiliwa, au aachiliwe. Upande wa mashtaka ukiomba siku zaidi za uchunguzi, upande wa mtoto una haki ya kupinga na kuuliza ni uchunguzi gani usiowezekana mtoto akiwa nyumbani. Kukiri shtaka ili kumaliza mambo ni mtego mkubwa zaidi. Mtoto hafungwi jela kwa sheria ya Kenya, lakini akipatikana na hatia anaweza kupelekwa shule ya kurekebisha tabia, au, akiwa na miaka 15 na zaidi, taasisi ya Borstal kama ile ya Shimo la Tewa au Shikusa, kwa muda wa hadi miaka mitatu. “Ni kweli” inayotamkwa kwa hofu asubuhi moja inaweza kubeba miaka hiyo.

Tangu Katiba ya mwaka 2010, hakuna kosa ambalo halina dhamana. Hata mauaji na wizi wa mabavu, ambayo zamani yalifungiwa nje, yanaruhusu dhamana isipokuwa kuna sababu nzito za kuikataa, na mzigo wa kuzionyesha sababu hizo ni wa upande wa mashtaka. Kosa ambalo adhabu yake ni faini tu, au kifungo kisichozidi miezi sita, halimpeleki mtu rumande hata kidogo. Masharti yenyewe lazima yawe ya kuridhisha. Dhamana ya shilingi 100,000 kwa mtoto wa mama anayeuza mboga Kongowea ni kunyimwa dhamana kwa jina jingine, na hakimu aambiwe hivyo kwa adabu: mama anafanya kazi gani, anapata nini, wanaishi wapi, nani atampeleka mtoto shule. Barua ya chifu na ya mwalimu mkuu hufanya kazi zaidi ya machozi. Afisa wa probesheni au wa watoto anaweza kuagizwa aandike ripoti, na familia imkaribishe nyumbani bila kumficha kitu, maana ripoti hiyo ndiyo macho ya hakimu. Masharti yakibaki mazito, Mahakama Kuu ina uwezo wa kuyapunguza.

Mdhamini huleta kitambulisho na uthibitisho wa mali, kama hatimiliki ya shamba au logibuku ya gari, na mahakama ikitaka, hati za mshahara. Aelewe kwamba mtoto akitoroka, mali hiyo iko hatarini. Kwa watoto wengi, hata hivyo, kinachofaa ni bondi ya bure, mtoto akabidhiwe mzazi, na hicho ndicho kiombwe kwanza kabla ya kutaja hati yoyote.

Shtaka la unajisi linahitaji maandalizi ya pekee, kwa kuwa wavulana wengi hushtakiwa kwa uhusiano na wasichana wa rika lao, na Sheria ya Makosa ya Kingono ya mwaka 2006 ina adhabu kali. Kwa mshtakiwa aliye chini ya miaka 18, sheria hiyo yenyewe, katika kifungu cha 8, inaelekeza hukumu ifuate sheria za watoto na za Borstal. Kizuizi cha dhamana hapa huwa ni kimoja: mvulana na msichana wanaishi mtaa mmoja. Familia ije kortini na jibu mkononi, kwa mfano shangazi wa mji mwingine aliye tayari kumpokea, mwenyewe akiwepo mahakamani na kitambulisho chake, na shule ya karibu imeshaulizwa nafasi.

Dhamana ikikataliwa, mtoto hupelekwa rumande ya watoto. Nyumba hizo zipo Nairobi, Likoni, Malindi, Murang’a, Nakuru, Eldoret, Kisumu, Kakamega na kwingine kuchache. Hazifiki nusu ya kaunti 47. Mtoto wa Lamu au Turkana huwekwa mbali na kwao, na nauli peke yake huwazuia wazazi kumtembelea. Umbali huo utajwe mbele ya hakimu kama sababu ya kumwachilia. Ombi la dhamana linaweza kurudiwa kila hali inapobadilika: shahidi muhimu ameshatoa ushahidi, mdhamini amepatikana, mitihani ya kitaifa imekaribia, mtoto ameugua.

Polisi wakikataa kumtoa au kumfikisha kortini, malalamiko yaanzie kwa OCS, yakiwa na namba ya OB, kisha kwa afisa wa watoto wa kaunti ndogo. Simu ya msaada kwa watoto, 116, hupigwa bila malipo. IPOA, mamlaka huru ya kusimamia polisi, hupokea malalamiko dhidi yao, nayo Tume ya Kitaifa ya Haki za Binadamu ya Kenya hupokea yanayohusu haki. Mtoto akiwa bado yuko ndani, mlango mkubwa ni Mahakama Kuu, kwa ombi la kutaka aliyezuiliwa aletwe mbele ya jaji. Haki hiyo, kwa kifungu cha 25 cha Katiba, haiwezi kuwekewa mpaka kwa sababu yoyote. Kifungu cha 22 kinaongeza mambo mawili ambayo wazazi wengi hawayajui: kufungua kesi ya haki za kikatiba hakulipiwi ada, na mahakama inaweza, inapobidi, kupokea maombi yasiyo rasmi. Barua ya mkono yenye jina la mtoto, umri, kituo, saa na tarehe ya kukamatwa, na namba ya OB, ina pa kuanzia.

Jambo moja lisitarajiwe. Mwaka 2006 Mahakama ya Rufaa ilimwachilia mtu kwa kuwa alikuwa amezuiliwa muda mrefu bila maelezo, na watu wengi wangali wanaamini kwamba polisi wakipitisha muda, kesi imekufa. Mwaka 2010 mahakama hiyo hiyo ilieleza kwamba dawa ya ukiukaji wa namna hiyo ni fidia, si kufutwa kwa mashtaka. Kwa hiyo kesi ya jinai iendelee kuhudhuriwa kila tarehe, hata familia inapodai fidia kwa njia nyingine. Muda aliokaa rumande nao unawekwa katika kumbukumbu, kwa kuwa mahakama inatakiwa kuuzingatia inapotoa uamuzi wa mwisho.

Kesi ikimalizika na mtoto akiwa amehudhuria tarehe zake zote, dhamana ya pesa taslimu hurudishwa, awe ameachiliwa huru au la. Hurudishwa kwa aliye na jina kwenye risiti. Jirani akichanga pesa zote na jina likaandikwa la baba, ni baba atakayelipwa. Kwa hiyo jina hilo liamuliwe pale dirishani kabla ya pesa kutoka, na risiti ihifadhiwe pamoja na kadi ya kliniki.